Kukadiria Nguvukazi na Muda wa Miradi ya Pamoja

Makadirio ya mradi hujibu maswali mawili: kazi ni kiasi gani, na itakamilika lini. Kiasi cha kazi hupimwa kwa siku-kazi, yaani kazi ya mtu mmoja kwa siku moja. Muda huhesabiwa kwa kalenda. Miradi mingi huchelewa kwa sababu maswali haya hupewa jibu moja.

Ujenzi wa madarasa unaionyesha tofauti hiyo waziwazi. Tuseme kuta zinahitaji tofali 6,000, na fundi mwashi akiwa na msaidizi wake hujenga tofali 150 kwa siku. Jozi moja itahitaji siku 40, sawa na siku-kazi 80. Jozi 4 zitamaliza kwa siku 10, mradi saruji, maji na tofali viwepo kila asubuhi. Lakini jozi 20 hazitamaliza kwa siku 2. Mafundi watabanana, majukwaa hayatatosha, na tofali za chini zinapaswa kushika kabla ya kupandishwa nyingine. Zege nalo haliharakishwi na wingi wa vibarua: nguvu yake hupimwa kwa kawaida likifikisha siku 28, na siku za mwanzo halina budi kumwagiliwa maji. Kusubiri huko hakuli siku-kazi nyingi, ila kalenda inakwenda. Msingi ukipangwa kuchimbwa mwezi wa Aprili, masika yakiwa yamekolea, ratiba imeharibika kabla jembe halijagusa ardhi.

Katika kazi za akili ugumu ni mkubwa zaidi. Frederick Brooks, aliyesimamia utengenezaji wa mfumo endeshi wa OS/360 katika kampuni ya IBM miaka ya 1960, aliandika mwaka 1975 kwamba kuongeza watu katika mradi wa programu uliokwisha kuchelewa huuchelewesha zaidi. Wageni hufundishwa na walewale waliokuwa wakifanya kazi, na mawasiliano huongezeka kuliko watu: kundi la watu 5 lina jozi 10 za kuelewana, la watu 10 lina jozi 45. Hoja hii inastahili kukumbukwa kila kiongozi anapoahidi kuleta watu zaidi ili kufidia muda uliopotea.

Kosa lingine ni matumaini. Wanasaikolojia Daniel Kahneman na Amos Tversky walieleza mwaka 1979 jinsi wapangaji wanavyoitazama kazi iliyo mbele yao na kusahau zilizopita. Jumba la Opera la Sydney, Australia, lilitarajiwa kukamilika mwaka 1963. Lilifunguliwa mwaka 1973.

Njia moja ya kupunguza kosa hili ilitoka katika mradi wa makombora ya Polaris wa jeshi la majini la Marekani, mwaka 1958. Kila kazi hupewa muda wa aina tatu: mambo yakienda vizuri kabisa, yakienda kama kawaida, na yakiharibika. Muda wa kawaida huzidishwa kwa 4, hujumlishwa na hiyo mingine miwili, kisha jumla hugawanywa kwa 6. Kazi yenye siku 8, 10 na 24 hukadiriwa kuwa siku 12. Faida kubwa ya hesabu hii ni kumlazimisha mkadiriaji aseme wazi nini kinaweza kuharibika.

Wanaokadiria wawe ndio watakaofanya kazi. Kila mmoja aandike namba yake kabla ya kusikia ya mwenzake, na mkuu aseme mwisho. Akitangulia, wengine humfuata kwa heshima tu. Tarehe iliyotoka juu ni agizo, si makadirio, na lisipowiana na hesabu kinachopaswa kupunguzwa ni ukubwa wa kazi.

Yote haya hutegemea kumbukumbu. Kila msimamizi aanze daftari lenye safu mbili kwa kila kazi, siku zilizokadiriwa na siku zilizotumika, na alifungue kabla ya kutia saini mkataba unaofuata.