Mzimuni, Msikitini, Kanisani: Lugha ya Mahali Patakatifu katika Njia ya Misafara ya Tabora



Utangulizi

Mada ya mahali patakatifu kwa desturi hukabidhiwa wanateolojia na wanahistoria. Mwanaisimu huitwa mwishoni aeleze asili ya neno moja au mawili, kisha aketi. Mhadhara huu unakusudia kuonyesha kuwa mpangilio huo una upungufu. Katika Tabora na katika njia ya kale ya misafara iliyotoka Bagamoyo hadi Ujiji, mwendo wa takriban kilomita 1,200, lugha ya Kiswahili imehifadhi ushahidi ambao majengo hayakuuhifadhi. Ushahidi huo unaonyesha kwamba mahali hapakufanywa patakatifu na ukuta wala na tajiri aliyeujenga, bali na tendo la watu waliopafikia. Dai hili si la vitabuni tu. Ndilo linaloweza kuamua kipi kitahifadhiwa na kipi kitaachwa kipotee.

Sarufi ya mahali

Neno "mahali" lina asili ya Kiarabu. Hata hivyo, lilipoingia katika Kiswahili lilipokewa katika ngeli ya PA-, ambayo ni ya Kibantu, likatii upatanisho wake: mahali hapa, mahali pale, mahali patakatifu. Nacho kivumishi -takatifu kinatokana na kitenzi takata, yaani kuwa safi. Kwa hiyo katika maneno mawili tu, "mahali patakatifu", mgeni na mwenyeji wamekwisha kukaa nyumba moja.

Tutazame pia kiambishi -ni. Msemaji husema mzimuni, msikitini, kanisani, na sarufi haimuulizi dini yake. Aidha, majina yenyewe, yakichunguzwa asili yake, mengi yanarejea katika vitenzi. Msikiti ni mahali pa kusujudu. Madhabahu ni mahali pa kuchinja. Kanisa, lililotufikia kwa njia ya Kiarabu, linatoka katika mzizi wa Kisemiti wenye maana ya kukusanyika. Ziara ni kuzuru, na tambiko ni kutambika. Neno sadaka, nalo, limevuka mipaka yote: hutolewa msikitini, hutolewa kanisani, na hutajwa panapotambikiwa wahenga.

Wapo wanaodai kwamba "takatifu" ni neno la Wakristo na "tukufu" ni la Waislamu. Vitabu vyenyewe haviungi mkono dai hilo. Tafsiri ya Kurani iliyotolewa na Waahmadiyya mwaka 1953 iliitwa Kurani Tukufu, lakini ile ya Sheikh Abdullah Saleh al-Farsy ya mwaka 1969 iliitwa Qurani Takatifu. Tafsiri ya mwaka 1953 ina uhusiano na njia hii ya misafara, maana miongoni mwa walioshiriki katika kazi hiyo alikuwamo Sheikh Kaluta Amri Abedi, mshairi mzaliwa wa Ujiji aliyesoma Tabora, ambaye wanafunzi wa fasihi wanamjua zaidi kwa kitabu chake cha sheria za kutunga mashairi.

Mzimu na heshima iliyoporomoka

Kabla wafanyabiashara wa Kiarabu na wa mwambao hawajajenga tembe zao Unyanyembe katikati ya karne ya 19, Wanyamwezi walikuwa na mahali pao pa ibada. Kaya ilijenga vijumba vidogo vya wahenga, na mtemi aliwaendea wahenga wa ukoo wake kwa niaba ya nchi nzima, hasa katika mambo ya mvua na mavuno. Juu ya wote alikuwapo Mungu muumba, aliyetajwa kwa majina kama Likube na Limatunda.

Neno "mzimu" lina tabia mbili za kuzingatiwa. Kwanza, halimo katika ngeli ya watu bali katika ngeli ya M-/MI-, pamoja na mti, mto na mlima. Pili, katika visiwa vya Zanzibar na sehemu za mwambao, mzimu si roho tu; ni pia pango, jabali au mti ambapo watu hupeleka nadhiri zao. Roho na mahali vimeshirikiana jina moja. Dar es Salaam ina kata iitwayo Mzimuni, na wakazi wengi hupita hapo bila kusikia kilichomo ndani ya jina hilo.

Lugha haikutenda haki siku zote. Kwa wasemaji wengi wa leo mzimu ni kitisho cha usiku, jambo la kuwaogofya watoto. Wakati huohuo "kuzimu", neno la mzizi uleule, limepewa makao ndani ya Biblia ya Kiswahili kuwa jina la makao ya wafu. Mzizi mmoja umepanda madhabahuni na kudharauliwa njiani. Anguko hili la maana lina matokeo: mti ambao jina lake limegeuka kuwa la kuogofya hukatwa bila mtu kuulizwa.

Mzigo uliokuwa maiti

Njia ya misafara iliwakutanisha watu wa imani mbalimbali chini ya mzigo mmoja. Mfano ulio wazi kuliko yote ni safari ya mwili wa David Livingstone. Mmisionari huyo alikaa Kwihara, karibu na Tabora, mwaka 1872, akiwangoja wapagazi hadi mwezi Agosti. Alifariki mwaka 1873 katika kijiji cha Chitambo, katika Zambia ya leo. Moyo wake ulizikwa chini ya mti. Jacob Wainwright, aliyesomeshwa katika shule ya misheni huko India, alisoma sala za maziko na kuchonga maandishi katika gome la mti huo. Nao watu wa Chitambo waliomboleza kwa desturi yao.

Kisha James Chuma, Abdullah Susi na wenzao waliubeba mwili kuelekea pwani. Walipofika Unyanyembe mwezi Oktoba, Mwingereza Verney Lovett Cameron aliwashauri wamzike hapo. Walikataa. Walijua pia kwamba baadhi ya wenyeji wa njiani wasingekubali maiti ipite katika nchi yao. Basi walitengeneza mzigo wa bandia, wakautuma kurudi Unyanyembe kana kwamba ndio maiti, na mwili wenyewe wakaufunga kama robota la nguo. Kilichobadilika kilikuwa jina: maiti ikaitwa mzigo, na ikapita. Mwezi Februari 1874 mwili ulipokewa katika misheni ya Wakatoliki Bagamoyo, na tarehe 18 Aprili ukazikwa katika kanisa la Westminster Abbey, London.

Mti wa Chitambo na kaburi la London vilipata utakatifu wao kutoka katika mikono ileile. Na njia ileile ilipeleka pwani mtu wa namna nyingine. Yahya bin Abdallah, aliyejulikana kama Sheikh Ramiya, alizaliwa Manyema, katika Kongo ya mashariki, akafikishwa Bagamoyo akiwa mtumwa. Baadaye alikuwa kiongozi wa tarika ya Qadiriyya katika mji huo hadi alipofariki mwaka 1931. Aliyeletwa kama mali akawa mtu wa kuzuriwa. Historia ya njia hii haina hukumu iliyo nzito kuliko hiyo dhidi ya biashara ya watu.

Suala la hifadhi

Mwaka 2006 Tanzania iliingiza njia hii katika orodha ya awali ya Urithi wa Dunia, ikitaja vituo sita: Bagamoyo, Mamboya, Mpwapwa, Kilimatinde, Kwihara na Ujiji. Hatua hiyo inastahili pongezi. Lakini kinachohifadhiwa kwa urahisi ni jengo, na majengo yaliyodumu aghalabu ni ya wenye mali, ya misheni na ya serikali. Wapagazi, ambao wengi wao walikuwa Wanyamwezi waliosafiri kwa ujira, hawakuacha tembe. Waliacha majina ya mahali, miiko na maneno ya matambiko. Reli ilipofika Tabora mwaka 1912 kazi yao ilififia, na sehemu kubwa ya maarifa hayo ikabaki vinywani mwa wazee.

Mtu anaweza kupinga kwamba kuweka mzimu, msikiti na kanisa katika orodha moja ni kuvunja mipaka ya imani. Pingamizi hili ni la haki. Mwislamu na Mkristo hawalazimiki kuutambua mzimu kuwa mlango wa kumfikia Mungu, na isimu haina mamlaka ya kuamua kweli ya dini. Lakini kuhifadhi si kuabudu. Asiyesali mahali anaweza kupaheshimu kwa sababu mwenzake husali hapo. Na adabu hiyo ndiyo iliyouwezesha msafara mmoja kulala kambi moja.

Hitimisho

Kazi inayowangoja wanafunzi wa Kiswahili ni ya haraka na haihitaji fedha nyingi. Yakusanywe majina ya mahali kati ya Kwihara, Urambo na Ujiji, kwa Kinyamwezi, kwa Kiha na kwa Kiswahili. Waulizwe wazee kila mahali palifanywa nini, kabla ya kuulizwa palikuwa pa nani. Kamusi zirudishiwe maana ya mzimu kama mahali, na isiachwe ile ya kitisho peke yake. Mwenye jengo lililoanguka huweza kulijenga upya kwa mawe yaleyale. Jina likifa pamoja na mtu wa mwisho aliyelijua, mahali pake panabaki kuwa pori tu.