Bwana Misitu na Mngurumo wa Godzilla

Ule mngurumo wa Godzilla, lile dude la baharini linaloikanyaga Tokyo sinemani, haukutoka kooni mwa mnyama yeyote. Ulitoka kwenye besi, ile fidla kubwa inayompita mtu kimo. Nyuzi zililegezwa, zikasuguliwa kwa glavu ya ngozi iliyopakwa utomvu wa msonobari, na sauti iliyorekodiwa ikapunguzwa kasi. Wazo lilikuwa la mtunzi Akira Ifukube, na utomvu wa miti hakuuanza studio. Kazi yake ya kwanza ilikuwa ubwana misitu.

Alizaliwa Mei 31, 1914 mjini Kushiro, kisiwani Hokkaido. Baba yake alikuwa mkuu wa kijiji cha Otofuke, na huko mtoto akazisikia nyimbo za Waainu, wenyeji wa asili wa kisiwa hicho. Chuo kikuu alisomea misitu; muziki alijifundisha mwenyewe. Hata hivyo, mwaka 1935 utunzi wake, Rapsodi ya Kijapani, ulishinda tuzo ya Tcherepnin iliyoamuliwa Paris.

Vikaja Vita vya Pili vya Dunia. Akawekwa kuchunguza mbao kwa eksirei, bila kinga yoyote. Vita vilipokwisha, mionzi ilikuwa imeshamtafuna. Akaugua, akaiacha misitu, akashika muziki ndio umpe riziki. Filamu yake ya kwanza ilitoka 1947.

Sasa fikiria: mtu huyo ndiye aliyepewa mwaka 1954 filamu ya Ishiro Honda, kuhusu dude lililoamshwa na majaribio ya bomu la haidrojeni. Wengine wangeichukulia kama mchezo wa watoto. Yeye aliitungia muziki mzito, usio na chembe ya mzaha, na mimi sishangai. La kuchekesha ni kwamba ile machi maarufu (muziki wa gwaride), ambayo leo kila mtu huiita wimbo wa Godzilla, katika filamu hiyo iliwasindikiza wanajeshi wanaolikabili dude. Lenyewe lilikuja kuirithi baadaye.

Alitunga muziki wa filamu zaidi ya 250, akafundisha pia chuoni. Mwaka 1995 alirudi kutunga muziki wa filamu ambayo Godzilla anakufa kwa joto la nyuklia lililomo mwilini mwake. Ifukube alifariki Februari 8, 2006, akiwa na miaka 91.

Ukiipata filamu ile ya 1954, fumba macho mwanzoni. Kabla ya picha yoyote utasikia kishindo cha nyayo, kisha besi.