Deni la Magoma na Mlango wa Mahabusu
Mhadhara wa umma



Nianze na mkulima wa kubuni, maana wa kweli wana majina na sina ruhusa ya kuyataja. Ni Januari. Ada ya shule inadaiwa, na kahawa mtini bado ni punje changa za kijani. Anakwenda kwa mwenye fedha, anapokea kiasi, anaahidi gunia la kahawa ya maganda msimu ukifika. Ndiyo magoma tunayoyajua wilaya nzima ya Mbinga. Wenzetu wa Kagera wanayo ya kwao, wanaiita butura. Mvua inazidi, ugonjwa wa chulebuni unaingia shambani, punje zinakauka na kupukutika. Julai mkopeshaji hana gunia. Haendi mahakamani. Anakwenda kituo cha polisi, na jalada linafunguliwa: kujipatia fedha kwa njia ya udanganyifu.

Kinachofuata mnakifahamu kuliko mimi. Mkulima analala mahabusu, ndugu wanauza ng'ombe, fedha zinahesabiwa, jalada linafungwa. Hakuna hakimu aliyesikiliza lolote. Hakuna aliyeuliza riba ilikuwa kiasi gani, wala kama gunia lile lilithaminiwa nusu ya bei.

Sasa tuisome sheria yenyewe. Kanuni ya Adhabu, Sura ya 16, inataka udanganyifu uwe maelezo ya uongo kuhusu jambo lililokwisha kutokea au lililopo wakati huo, na msemaji awe anajua kuwa ni uongo au haamini kuwa ni kweli. Ahadi ya gunia la Julai, iliyotolewa Januari, ni habari ya kesho. Mtu akisema "nitalipa" kisha mvua ikamkatalia, amevunja makubaliano, na dawa ya makubaliano yaliyovunjwa ni kesi ya madai. Angesema "shamba lile la mikahawa ni langu", kumbe ni la shemeji yake, hapo tungezungumza lugha nyingine. Vivyo hivyo aliyeuza gunia moja kwa watu watatu na kumwapia kila mmoja kwamba halina mwingine. Huyo simtetei, na tukio moja laweza kuzaa jinai na madai kwa pamoja. Ninachouliza ni kimoja: siku anapokea fedha, alisema jambo gani la uongo? Kama mlalamikaji hawezi kulitaja, kituo hakina kazi hapo.

Wengi husema wananchi wanakimbilia polisi kwa kutojua sheria. Sikubali. Mkopeshaji anajua hesabu zake vizuri sana. Kesi ya madai ina ada ya kufungulia, ina kupeleka wito, ina ushahidi, na hata ukishinda bado kuna kukaza hukumu. Tena tazameni jambo hili, ambalo hata mawakili hulipita haraka. Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33, inaruhusu mdaiwa aliyeshindwa kesi kufungwa kama mfungwa wa madai, lakini aliyeshinda lazima aweke fedha za kumlisha gerezani. Mtu anayetaka mwenzake afungwe kwa deni lake binafsi, amlishe. Kwa njia ya polisi anakwepa gharama hiyo: mahabusu ni ya serikali, askari ni wa serikali, jalada ni la serikali. Sisi walipa kodi tunamkusanyia mkopeshaji deni lake, bure.

Na hata kifungo hicho cha madai kina mpaka. Tanzania ilijiunga mwaka 1976 na Mkataba wa Kimataifa wa Haki za Kiraia na Kisiasa, ambao ibara yake ya 11 inakataza kumfunga mtu kwa sababu tu ameshindwa kutimiza wajibu wa mkataba. Mahakama Kuu ya Kenya iliitegemea ibara hiyo mwaka 2010 katika shauri la mdaiwa aliyekuwa akipelekwa jela.

Ardhi ni hadithi ya jirani. Kwa Wamatengo ukoo ulikaa kwenye ntambo wake, mgongo wa mlima kati ya mito, na mabishano ya mpaka yalizungumzwa kwenye sengu, pale wanaume wa ukoo walipokula pamoja, na wazee wakasikiliza. Leo ndugu wakigombania mashamba ya ngoro ya baba yao, mmoja anamshtaki mwenzake kwa kuingia kwa jinai. Katika kesi ya Sylvery Nkangaa dhidi ya Raphael Alberto, iliyochapishwa katika ripoti za sheria za mwaka 1992, Mahakama Kuu ya Tanzania ilishasema: shtaka la namna hiyo haliwezi kusimama kama umiliki wa ardhi una mgogoro ambao haujaamuliwa kwa kesi ya madai. Mwaka mmoja kabla, Ismail Bushaija dhidi ya Jamhuri ilifuata mkondo huohuo. Na kifungu cha 9 cha Kanuni ya Adhabu kinamwondolea jinai anayetenda kwa kuamini kwa dhati kuwa mali ni haki yake. Zaidi ya miaka 30 imepita. Bado mashtaka haya yanasajiliwa.

Tusiwalaumu askari wa kaunta peke yao. Tangu marekebisho ya mwaka 2021 Baraza la Kata halitoi tena hukumu za ardhi. Linasuluhisha tu, kwa siku 30, kisha mtu anaelekezwa Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Kwa mama wa kijijini, safari hiyo ina nauli na siku za kazi zilizopotea. Mlango wa madai ukiwa mbali na wa polisi ukiwa karibu, watu watapita wa karibu.

Kwa hiyo ninawaomba wakuu wa vituo: kabla ya kufungua jalada la udanganyifu, mwandikisheni mlalamikaji kwa maneno yake ule uongo uliosemwa siku ya kupokeana fedha. Nanyi waheshimiwa mahakimu, mnapoona shtaka la kuingia kwa jinai, ulizeni kwanza nani ameamua shamba ni la nani. Na wewe mkulima ukiitwa kituoni kwa deni la magoma, nenda, usikimbie. Ila usitie saini karatasi ya malipo ukiwa mahabusu kabla hujazungumza na msaidizi wa kisheria, anayetambuliwa na Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017, na ambaye huduma yake hailipiwi.