Kipigo Polisi, Mali Mahakamani

Mazungumzo ya kamati siku ya kutimiza miaka 10 ya kikundi, Chitete



Tulianza na sanduku moja, makufuli 3 na vijitabu vya hisa. Sifa za kikundi watazisema wengine. Sisi tumepewa zamu ya kusema jambo ambalo siku za sherehe halisemwi: mali tunayoitafuta kwa jasho, siku ya msiba inaondoka mchana kweupe.

Mwenzetu mmoja, jina tunaliacha, alikopa hapa akaezeka nyumba kwa mabati. Mumewe alipofariki, hata matanga hayajaisha, shemeji zake walileta kufuli lao. Alipobisha, akapigwa. Akaenda polisi akasema, "Wananidhulumu nyumba na shamba." Akaambiwa hayo ni mambo ya familia, arudi akakae na wazee. Akarudi analia.

Kurudishwa vile haikuwa haki, maana alikuwa ameumizwa. Lakini hapo tulijifunza. Polisi hawaamui nyumba ni ya nani. Ila kupigwa, kutishiwa kuuawa, kuvunjiwa mlango na kuibiwa mazao ni makosa ya jinai, hata aliyetenda akiwa shemeji. Kesho yake tulimsindikiza watu 3. Safari hii alieleza amepigwa na nani, lini, na nani waliona. Akapewa namba ya RB na fomu ya PF3 ya kwenda nayo hospitali. Mkifika kituoni ulizieni Dawati la Jinsia na Watoto, na mkikwama mwoneni mkuu wa kituo.

Hapo mwili umelindwa, mali bado. Mali ya marehemu hufunguliwa mirathi mahakamani, na kwa wengi wetu ni Mahakama ya Mwanzo. Kikao cha ukoo kinapendekeza msimamizi; kumteua ni kazi ya mahakama. Mjane naye anaruhusiwa kuomba. Shemeji akiwahi, weka pingamizi mapema, usingoje mpaka ameuza. Na msimamizi si mwenye mali! Ndani ya miezi 4 tangu ateuliwe anatakiwa kupeleka mahakamani orodha ya mali na madeni, labda aongezewe muda. Asipopeleka, nenda ukaulize.

Na mume akiwa hai je? Sheria ya Ndoa ya 1971 inakataza mmoja kuuza nyumba ya ndoa bila ridhaa ya mwenzake. Mwaka 1983, katika kesi ya Bi Hawa Mohamed na Ally Sefu, Mahakama ya Rufani ilikubali kwamba kazi za nyumbani ni mchango katika mali ya ndoa. Bi Hawa mwenyewe hakupata mgao, lakini njia aliyoifungua ndiyo tunayopita sisi.

Tumkumbuke pia Holaria Pastory wa Muleba. Mwaka 1988 aliuza shamba alilorithi kwa baba yake, mtoto wa ndugu yake akamshtaki kwamba kwa mila mwanamke hauzi ardhi ya ukoo. Mahakama ya Mwanzo alishindwa. Akakata rufaa. Mwaka 1990 Mahakama Kuu Mwanza, mbele ya Jaji Mwalusanya, ilisema mila hiyo ni ubaguzi na inapingana na Katiba. Angekata tamaa mlango wa kwanza, tungekuwa na nini cha kusimulia?

Hatusemi njia ni fupi. Wajane 2 wa Shinyanga walipinga sheria za mila za urithi zilizoandikwa mwaka 1963. Mwaka 2006 Mahakama Kuu iliona ubaguzi upo, lakini haikuzifuta. Mwaka 2015 kamati ya Umoja wa Mataifa ikasema haki zao zilivunjwa. Kwa hiyo tusingoje msiba. Wosia uandikwe sasa, na hati ya kimila ya shamba iwe na majina ya wote wawili, baba na mama.

Yule mwenzetu je? Yupo hapa, ndiye aliyepika chai mliyokunywa. Shamba la ufuta lilikaa msimu mzima bila kulimwa, na nauli ya kwenda mahakamani ilimmaliza. Lakini kijitabu chake cha mkopo na stakabadhi ya mabati vilisomwa mbele ya hakimu, na nyumba imebaki kwake na watoto.

Tunaleta hoja mbili. Kwanza, mfuko wa jamii ulipe nauli ya mwanachama mwenye shauri la namna hii, na asiende peke yake. Pili, kila mmoja alete nakala za stakabadhi zake ziwekwe sandukuni. Sanduku lililotunza fedha zetu miaka 10 litunze na ushahidi wetu.

Akina mama, oyee!