Ahadi za Wanasiasa na Uhuru wa Mimbari nchini Kenya

Uhusiano wa makanisa ya Kikristo na mamlaka ya kisiasa nchini Kenya una sura tatu: sheria, kauli na fedha. Sheria haina utata mkubwa. Ibara ya 8 ya Katiba ya 2010 inasema hakutakuwa na dini ya taifa, na Ibara ya 32 inalinda uhuru wa dhamiri na wa kuabudu. Kauli zina historia ndefu. Fedha ndizo zilizoachwa bila utaratibu.

Historia ya kauli inafahamika na inatosha kuigusia. Agosti 1986 wachungaji wa Baraza la Kitaifa la Makanisa (NCCK) waliupinga utaratibu wa kupiga kura kwa mlolongo, yaani wapiga kura kupanga foleni nyuma ya mgombea. Jarida la baraza hilo, Beyond, lilipigwa marufuku 1988 baada ya kuchapisha habari za wizi wa kura katika uchaguzi wa mwaka huo. Nyumba ya Askofu David Gitari wa Kanisa la Kianglikana, mkosoaji wa serikali, ilivamiwa Aprili 1989. Askofu Alexander Muge wa Eldoret alifariki katika ajali ya barabarani tarehe 14 Agosti 1990 akirejea kutoka Busia, siku chache baada ya waziri Peter Okondo kumwonya hadharani kwamba akikanyaga huko huenda asitoke hai. Okondo alijiuzulu. Baada ya mabadiliko ya serikali ya 2002 sauti hiyo ya makanisa ilififia, na mwanzoni mwa 2008, nchi ikiwa bado inazika waliouawa katika ghasia za uchaguzi, NCCK iliomba radhi hadharani kwa kuwa viongozi wa makanisa walikuwa wameegemea pande za kisiasa.

Suala la fedha halijapata maombi ya radhi ya aina hiyo. Harambee ya kanisa hufuata mpangilio ambao kila muumini anaujua. Mgeni wa heshima hufika kwa msafara ibada ikiwa imeanza, na viti vya mbele huwa vimeachwa wazi. Baada ya matangazo hukaribishwa “kusalimia”. Salamu huwa hotuba, hotuba huwa kampeni, kisha hutajwa kiasi: hiki cha kwaya, hiki cha akina mama, hiki cha nyumba ya padre. Sehemu hutolewa taslimu papo hapo mbele ya kamera. Sehemu iliyobaki, ambayo mara nyingi ndiyo kubwa, huwa ahadi.

Mijadala mingi huishia kwenye fedha taslimu na chanzo chake. Hoja hiyo ni nzito, lakini kinacholifunga kanisa zaidi ni ahadi. Fedha zilizokwisha kupokelewa hutumika zikaisha, na mtoaji hana tena cha kushikilia. Ahadi huingizwa kwenye bajeti ya ujenzi, fundi huitwa, msingi huchimbwa, na mabati hukopwa dukani kwa matumaini ya Jumapili ile. Tangu hapo kamati ya ujenzi ina sababu ya kumpigia mheshimiwa simu, na mchungaji ana sababu ya kunyamaza. Hakuna anayemkataza kusema. Anajua tu kwamba kuta zimefika usawa wa madirisha na paa bado liko kwa mtu.

Mwaka 2021 Askofu Mkuu Jackson Ole Sapit wa Kanisa la Kianglikana alipiga marufuku wanasiasa kuhutubia katika ibada, na maaskofu Wakatoliki wakatoa msimamo unaofanana na huo. Hatua hizo zilistahili pongezi, na bado zinastahili. Hata hivyo zilishughulikia kipaza sauti, si daftari la mweka hazina. Mwanasiasa asiyeruhusiwa kuongea ndani huongea nje ya mlango baada ya baraka, na ahadi yake huandikwa vilevile.

Julai 2024, kufuatia maandamano ya vijana, Rais William Ruto alitangaza kwamba maafisa wa serikali hawatashiriki tena katika harambee. Novemba mwaka huohuo yeye mwenyewe alitoa mchango katika kanisa Katoliki la Soweto, Kayole. Jimbo Kuu la Nairobi, chini ya Askofu Mkuu Philip Anyolo, liliagiza shilingi 600,000 na shilingi milioni 2 zirudishwe, kisha likaikataa ahadi ya milioni 3 zaidi pamoja na basi la parokia. Vyombo vya habari viliangazia kurudishwa kwa taslimu. Kwa mtazamo wa mada hii, kukataliwa kwa ile milioni 3 na basi, vitu ambavyo havikuwa vimefika, ndiko kulikokuwa na uzito zaidi.

Sheria ya nchi haijasaidia sana. Sheria ya Maadili ya Maafisa wa Umma ya 2003, iliyofutwa 2025, ilimzuia afisa kutumia ofisi au cheo chake kuwashinikiza watu wachange. Ilimtazama anayechangisha, anayetoa alipita. Hoja kwamba mwanasiasa naye ni muumini mwenye haki ya kutoa sadaka haina ubishi, na kapu la sadaka humfikia kama linavyomfikia mwingine yeyote. Kapu halina mtangazaji.

Kwa heshima zote kwa mamlaka ya maaskofu, inapendekezwa kwamba kila dayosisi na jimbo lipige marufuku kuingiza ahadi ya mwanasiasa kwenye bajeti ya ujenzi. Kwamba mchango wowote wa afisa wa umma upitie benki, upewe risiti na usitangazwe ibadani. Kwamba ujenzi usianze kabla ya fedha kuwa kwenye akaunti. Kwamba hesabu za parokia zikaguliwe na mtu asiye mjumbe wa kamati ya ujenzi, na zibandikwe mlangoni. Kwamba misimamo ya maaskofu ya 2021 dhidi ya hotuba za wanasiasa isomwe upya makanisani, isije ikabaki kwenye faili. Na kwamba marufuku ya hotuba iambatane daima na marufuku ya ahadi.

Makanisa huru, ambayo mwanzilishi ndiye mchungaji na ndiye mdhamini wa mali, hayana askofu wa kuyaagiza. Kwa hayo njia iliyopo ni Msajili wa Vyama, ambaye tayari hupokea taarifa zao za kila mwaka: taarifa hizo zioneshe michango ya maafisa wa umma na ahadi zisizotimizwa.

Ahadi zilizopo sasa ziorodheshwe na kila halmashauri ya kanisa, na zile ambazo hazijalipwa zifutwe kwa barua kwa aliyeahidi, nakala ikienda kwa askofu, kabla ya kampeni za uchaguzi mkuu wa 2027 kuanza.