Jimbo la Ng'ambo: Lilizaliwa kwa Kura, Likafa kwa Kalamu



Barazani kila siku mnabishana: nani ameshinda, nani ameibiwa, masanduku yamehesabiwa vipi. Sijapata kuwasikia mkibishana juu ya mpaka wa jimbo. Basi leo nisikilizeni, na wewe unayesoma haya gazetini nisikilize vilevile. Kura yako inaweza kuhesabiwa kwa haki tupu na bado isikufikishe popote.

Wewe wa Michenzani, Kikwajuni, Miembeni au Jang'ombe, unakaa Ng'ambo. Jina hilo limetokana na mkono wa bahari uliokuwa ukiitenga mitaa hii na Mji Mkongwe. Daraja lilikuwa pale Darajani. Upande huu walikaa wachukuzi, mafundi, wavuvi, na watu waliotoka utumwani pamoja na vizazi vyao. Nyumba ilikuwa yako, kiwanja cha bwana. Mwaka 1928 watu wa Ng'ambo waligoma kulipa kodi ya viwanja. Kwa hiyo usidhani siasa huku ililetwa na vyama. Vyama viliikuta.

Baraza la Kutunga Sheria lilikuwapo tangu 1926, lakini wajumbe wake waliteuliwa. Julai 1957 ndipo Mwingereza aliporuhusu wajumbe sita wachaguliwe. Visiwa vyote vikagawanywa majimbo sita, na Ng'ambo ikawa jimbo moja zima. Wanawake hawakupiga kura. Mwanamume naye alikuwa na masharti ya kutimiza kabla hajaandikishwa.

Ali Muhsin Barwani wa Hizbu angeweza kutafuta jimbo jepesi. Akaja Ng'ambo kupambana na Abeid Amani Karume nyumbani kwake. Kabla ya kura, uraia wa Karume ulipingwa mahakamani, naye akashinda. Siku ya kura akapata zaidi ya kura 3,000, na Ali Muhsin hakufika 1,000. Hizbu ikatoka mikono mitupu katika majimbo yote sita.

Lakini jimbo lile halikuishi hata miaka minne. Mwaka 1960 akaja Sir Hilary Blood kutoka Uingereza kutazama katiba. Majimbo sita yakawa 22, na Jimbo la Ng'ambo likakatwa vipande. Hakuna aliyelilia, kwa sababu viti zaidi ilikuwa habari njema.

Sasa tazama kilichofuata. Januari 1961 ASP ilipata viti 10, Hizbu 9, ZPPP 3. Jimbo la Chake Chake lilichukuliwa na ASP kwa kura moja. Moja tu! Wajumbe wa ZPPP wakagawanyika, pande mbili zikawa 11 kwa 11, serikali ikashindikana. Likaongezwa jimbo la 23, na Juni watu wakarudi kwenye masanduku. Safari hii damu ikamwagika, watu 68 wakafa. Julai 1963 majimbo yakawa 31. ASP ikapata asilimia 54 ya kura zote, na viti 13. Hizbu na ZPPP kwa pamoja wakapata viti 18 na serikali.

Utauliza: vipi wengi wapate kichache? Chukua majimbo matatu, kila moja lina wapiga kura 1,000. Chama cha kwanza kinashinda jimbo moja kwa 900 dhidi ya 100. Mawili mengine kinashindwa kwa 490 dhidi ya 510. Jumlisha: wa kwanza ana kura 1,880 na kiti kimoja. Wa pili ana kura 1,120 na viti viwili. Hapo hakuna aliyeiba karatasi hata moja. Ndivyo ilivyokuwa: ASP ilirundika kura mjini na mashamba ya Unguja, wenzao wakashinda Pemba kwa tofauti ndogo.

Sikwambii haya ili umpende ASP au umchukie Hizbu. Babu zetu walikuwa pande zote mbili. Nakwambia kwa sababu ya kilichokuja baadaye. Watu walipoona wengi wao hauna maana sandukuni, wako walioacha kuliamini sanduku. Uhuru ulikuja tarehe 10 Desemba 1963. Tarehe 12 Januari 1964 katiba, majimbo na vyama vyote isipokuwa kimoja vikafagiliwa. Na yule aliyeingia Barazani kwa sanduku la Ng'ambo akatawala hadi alipouawa Aprili 1972, bila Mzanzibari yeyote kumchagua mwakilishi wa jimbo lake. Baraza la Wawakilishi lilikuja 1980.

Na kalamu haijapumzika. Mwaka 1995 urais wa Zanzibar ulitangazwa kwa asilimia 50.2 dhidi ya 49.8, viti vya majimbo 26 kwa 24. Kwa uchaguzi wa 2005 Pemba ikashushwa kutoka majimbo 21 hadi 18, Unguja ikapanda kutoka 29 hadi 32. Mwaka 2015 yakawa 54 kwa jumla. Mwaka 2020 yakarudi 50. Kila mara yako majina yaliyokufa na watu waliojikuta jimbo jingine hali hawajahama nyumba.

Kwa hiyo, kijana, Tume ikitangaza kupitia mipaka, usingoje siku ya kampeni na ngoma. Nenda na daftari. Uliza: jimbo hili lina wapiga kura wangapi, na jirani yake wangapi? Shehia hii imehamishwa kwa sababu gani? Jibu liandike, na jina la aliyelitoa liandike pia. Uliza hata pale mpaka mpya unapokipendelea chama chako, maana kalamu inayokupendelea leo, kesho inashikwa na mwengine.