Shamba la Baba Lililobaki Fizi

(Muziki wa kipindi unasikika, kisha unashuka.)

Leo tuzungumzie jambo ambalo watu hulinong'ona wakati wa matanga, na baadaye likawagombanisha: urithi.

Tuchukue mfano. Baba mmoja kutoka Fizi, Kivu ya Kusini, anafariki dunia kambini, hapa Tanzania. Anaacha mke na watoto watatu, wasichana wawili na mvulana mmoja. Nyumbani kumebaki nyumba na shamba. Matanga hayajaisha, simu inalia. Ni mdogo wa marehemu: "Kaka aliniachia shamba. Shemeji atarudi kwao, na wasichana wataolewa."

Je, maneno hayo yanatosha? Hapana.

Sheria ya Familia ya Kongo ni ya mwaka 1987, ikarekebishwa mwaka 2016. Inasema warithi wa kwanza ni watoto. Haitenganishi msichana na mvulana. Hata mtoto aliyezaliwa nje ya ndoa anarithi, ikiwa baba alimtambua kisheria akiwa hai. Watoto wanapata robo tatu ya mali, na wanagawana sawasawa.

Sasa gawa shamba lile vipande vinne. Kila mtoto anachukua kimoja. Kipande cha nne ni cha kundi la pili: mke, wazazi wa marehemu, na kaka na dada zake. Kwa hiyo baba mdogo hakusahauliwa na sheria, lakini yumo katika robo hiyo pamoja na wenzake. Shamba zima si lake.

Na mjane? Nyumba aliyoishi na mumewe, sheria inampa haki ya kuendelea kuitumia pamoja na vyombo vyake. Kumwambia "rudi kwenu" si sheria, hata kama ni mazoea.

Wengine mtauliza: kama kweli marehemu aliandika wosia? Wosia ni halali, lakini hauwezi kuwanyang'anya watoto zile robo tatu. Tena una masharti. Ukiuandika mwenyewe, uandike wote kwa mkono wako, uweke tarehe na utie sahihi. Ukimwomba mtu akuandikie, wewe ukaweka dole gumba tu, huo haukubaliki kuwa wosia wa mkono wako. Asiyejua kuandika anapaswa kwenda mbele ya mthibitishaji wa serikali au ofisa wa ofisi ya vizazi na ndoa.

Mzazi unayenisikiliza, usingoje ugonjwa. Chukua daftari wiki hii. Andika shamba liko kijiji gani, linapakana na nani kila upande, ulilipata kwa nani, na nani analilima sasa. Andika majina ya watoto wako wote, hata yule wa mama mwingine. Soma daftari hilo mbele ya familia, wote wasikie neno moja. Nakala mpe mtu mwingine unayemwamini, maana nyumba za kambini huungua na mvua huingia.

Mama mjane, dai cheti cha kifo cha mumeo na ukitunze pamoja na vyeti vya watoto vya kuzaliwa. Usiweke sahihi kwenye karatasi ya kuuza ambayo hujasomewa. Mnunuzi akitokea kule nyumbani, mpelekee chifu wa kijiji ujumbe mapema kwamba shamba lina warithi, na wako hai.

Baba mdogo, nawe tunakuheshimu. Pengine ni wewe uliyelinda shamba hilo wakati wengine wamekimbia. Sema hivyo kwenye kikao cha familia, upate shukrani yako. Lakini usiuze kisicho chako. Kikao kikishindwa, mahakama ya amani ndiyo husikiliza mashauri ya urithi.

Wasikilizaji kutoka Burundi, sheria ya kwenu ni nyingine. Waulizeni watoa msaada wa sheria kambini kabla ya kugawana chochote.

Vita vimetutoa kwenye mashamba yetu. Tusiwaache watoto wetu warudi siku moja, wakute ndugu zao ndio waliowafungia mlango.

Zungumzeni nyumbani jioni ya leo. Kwa herini.

(Muziki unapanda.)